Jean-Pierre Wimille na Kufufuka kwa Mbio za Magari

Jean-Pierre Wimille alizaliwa jijini Paris, Ufaransa, tarehe 26 Februari 1908. Alijitosa katika mbio za magari angali kijana, na mwaka wa 1937 yeye na mwenzake, Robert Benoist, wakaibuka washindi wa mbio za saa 24 za Le Mans wakiendesha Bugatti. Alishinda huko tena mnamo Juni 1939, safari hii akishirikiana na Pierre Veyron. Kabla ya miezi mitatu kutimia, Vita vya Pili vya Dunia vilizuka na mbio zikakoma.

Ujerumani ilipoikalia Ufaransa, Wimille na Benoist walijiunga na harakati za siri za upinzani, pamoja na William Grover-Williams, mshindi wa mbio za kwanza za Monaco mwaka wa 1929. Benoist aliuawa katika kambi ya Buchenwald mnamo Septemba 1944. Grover-Williams akauawa katika kambi ya Sachsenhausen. Miongoni mwa watatu hao, Wimille pekee ndiye aliyenusurika.

Tarehe 9 Septemba 1945, juma moja baada ya Japani kutia sahihi hati ya kusalimu amri, magari yalinguruma tena katika barabara za Bois de Boulogne, Paris. Mashindano yalikuwa matatu: Kombe la Robert Benoist, Kombe la Ukombozi na Kombe la Mateka. Hilo la mwisho lilinyakuliwa na Wimille kwa Bugatti iliyoundwa kabla ya vita. Mchezo ulifufuliwa kwa magari ya zamani na madereva waliosalia, na shangwe za siku hiyo hazikutengana na matanga.

Baadaye Wimille aliiendeshea Alfa Romeo ya Italia, nchi iliyokuwa imepigana na taifa lake. Alishinda mashindano makuu ya Uswisi na Ubelgiji mwaka wa 1947, kisha ya Ufaransa na Italia mwaka wa 1948. Tarehe 28 Januari 1949 alifariki katika ajali akiwa mazoezini Buenos Aires, Argentina.

Le Mans ilirejelewa Juni mwaka huo. Ubingwa wa dunia wa langalanga ulianza mwaka wa 1950, na Giuseppe Farina akatawazwa bingwa wa kwanza akiendesha Alfa Romeo ya aina ile ile. Orodha ya mabingwa hao haina jina la Wimille, lakini kumpima kwa orodha hiyo ni kumpunja: alikuwa miongoni mwa walioilima konde ambayo wengine waliivuna.