Maji ya Ngarambe Yalifikaje Njombe?

Wengi wetu Kinjikitile Ngwale tunamjua kwa tamthiliya ya Ebrahim Hussein iliyotoka 1969. Tuliisoma sekondari, tukajibu maswali ya mtihani, tukaiacha hapo. Lakini Hussein mwenyewe alitahadharisha kwamba Kinjeketile wake ni wa sanaa, si yule wa historia. Leo namzungumzia yule wa historia, maana sisi tunaosomea ualimu tutasimama darasani kumfundisha, na ukimfundisha ovyo unawafanya mababu wa wanafunzi wako waonekane wajinga.

Kinjikitile aliishi Ngarambe, upande wa milima ya Matumbi. Wazee walisimulia kwamba mwaka 1904 alipagawa na pepo aliyeitwa Hongo, akazama kwenye bwawa la mto. Ndugu zake walimtafuta, wapi. Kesho yake akatoka mwenyewe, nguo kavu kabisa. Tangu hapo watu wakawa wanamiminika Ngarambe kupokea dawa: maji, mafuta ya nyonyo na mbegu za mtama. Mengi ya haya tunayajua kwa sababu mwaka 1968 wanafunzi wa chuo kikuu pale Dar es Salaam walikwenda vijijini kuwasikiliza wazee. Wanachuo kama mimi na wewe.

Ukiyafuatilia mafundisho yake unaona ulimwengu mzima wenye sheria zake. Humo umbali si kitu: maji uliyonyunyiziwa leo yatageuza risasi kuwa maji popote utakapokuwa. Muda nao si kitu: mababu waliokufa wako Ngarambe, ukienda utawakuta. Cheka ukitaka. Ila mtu aliyekamuliwa kodi na Mjerumani, kisha akachapwa viboko kwenye shamba la pamba la lazima lililoanza 1902, hakuona cha kuchekesha hapo.

Kinjikitile aliwaambia watu wasubiri amri yake. Wamatumbi walichoka kusubiri. Mwishoni mwa Julai 1905 waling'oa pamba kule Nandete, na vita vikaanza. Tarehe 4 Agosti Wajerumani wakamnyonga Mohoro. Inasimuliwa kwamba aliwaambia wanajisumbua bure, kwani dawa imeshafika Kilosa na Mahenge. Na kweli, tarehe 30 Agosti wapiganaji walilivamia boma la Mahenge, bunduki za rashasha zikawafyeka. Septemba hiyo Wabena wa Mtemi Mbeyela wakaishambulia misheni ya Walutheri pale Yakobi, jirani na mji wa Njombe wa leo. Wakarudishwa nyuma. Kinjikitile alikuwa kaburini zaidi ya mwezi mmoja.

Nikiwa mazoezi ya kufundisha Makambako, mwanafunzi mmoja alinyoosha mkono akauliza: kama chanzo ni pamba, huku kwetu kwenye baridi pamba ya lazima ililimwa wapi? Sasa Wabena waliingiaje vitani?

Jibu la mtihani unalijua: maji yaliwaunganisha. Kwangu jibu hilo halitoshi, kwa sababu linarudia ile ile sheria ya Ngarambe, kwamba jambo likitendeka kule, huku litatokea tu. Hakuna maji yaliyoruka milima. Yalibebwa na wajumbe, kwa miguu, kijiji hadi kijiji. Na walipofika walikuta sababu zimeshawatangulia: kodi, kazi za lazima, na wageni wenye sauti kuliko mtemi kwenye nchi yake. Watu wa huku hawakurogwa kutoka mbali. Walikuwa na madai yao wenyewe, dawa ikawapa ujasiri na wakati wa kuanza.

Upande wa pili nao tusiufiche. Maji hayakuzuia risasi, na mafundisho yale yalikuwa na kinga yake. Mpiganaji alikatazwa kulala na mwanamke na alikatazwa kupora. Akipigwa risasi, basi amevunja mwiko. Yaani dawa haikosei kamwe. Mwenye makosa siku zote ni maiti. Hadi vita vinakwisha 1907, makadirio ya waliokufa ni kati ya 75,000 na 300,000, wengi wao kwa njaa baada ya Wajerumani kuchoma mashamba na vyakula.

Kinga hiyo bado ipo. Mwaka 2019 watoto waliuawa hapa Njombe, na imani za kishirikina za kutafuta utajiri zikatajwa. Simfananishi Kinjikitile na wauaji hao hata kidogo. Yeye alitaka watu wake waishi huru. Ninachosema ni kwamba mganga anayemtuma mtu leo anajificha nyuma ya mlango ule ule: utajiri usipokuja, atamwambia hukutimiza masharti.

Kwa hiyo wewe utakayepangiwa kufundisha Majimaji, chora ramani ubaoni kutoka Ngarambe hadi Yakobi. Kila kituo waulize wanafunzi, watu wa hapa walikuwa na sababu gani yao wenyewe? Halafu waulize swali ambalo mwaka 1905 lingeokoa wengi: ni kitu gani kikitokea tutakubali kwamba dawa hii haifanyi kazi? Wape muda wa kufikiri. Wakizoea kuuliza hivyo darasani, watauliza hivyo hivyo mbele ya mganga.