Mike Webster, mtu wa kazi ya mbele aliyewafumbua macho madaktari baada ya kufa

Msikilizaji wetu, kwenye kipindi cha michezo tulimgusia Mike Webster kwa ufupi, muda ukatubana. Humu kwenye ukurasa hakuna saa inayotukimbiza, kwa hiyo tumsimulie vizuri, kuanzia shambani alikozaliwa hadi kwenye meza ya daktari mmoja Mwafrika.

Kwanza tuelewane kuhusu mchezo wenyewe. Mpira wa Marekani si huu wetu wa Dodoma Jiji na Jamhuri. Mpira wao ni wa duaradufu, unashikwa kwa mikono, na kila timu inaingiza watu 11 waliovaa helmeti na mapande ya kukinga mabega. Timu inayoshambulia inapewa nafasi nne za kusogea yadi 10, ambazo ni kama mita tisa. Ikishindwa, mpira unakwenda kwa wenzao. Nyuma anasimama mpanga mashambulizi, wao humwita kwotabeki, ndiye anayerusha mpira na ndiye anayepigwa picha za magazeti. Mbele yake wanapangwa wanaume watano wakubwa ambao kazi yao ni kuwazuia wapinzani wasimfikie. Hao kwa kawaida hawafungi wala hawakimbii na mpira, na jina la mmoja wao hutangazwa zaidi akikosea. Ukiwafananisha na maksai wa jembe la kukokotwa hutakuwa umekosea sana: shamba likilimika, anayesifiwa ni mwenye shamba.

Katikati ya hao watano yupo senta. Usimchanganye na senta fowadi wetu. Huyu anainama, anaupitisha mpira kati ya miguu yake kumpa kwotabeki, na papo hapo anainua kichwa kupambana na mtu mwenye uzito kama wake au kumzidi, aliyekuja mbio. Mara 60 hivi kwa mechi moja. Hiyo ndiyo kazi aliyoifanya Mike Webster kwa miaka 17.

Alizaliwa tarehe 18 Machi 1952 huko Tomahawk, jimbo la Wisconsin, kaskazini mwa Marekani kwenye baridi kali. Wazazi wake walikuwa wakulima wa viazi, na yeye alikuwa mmoja wa watoto watano. Wengi mnaosoma haya mtaelewa bila kuelezwa: mtoto wa mkulima shule ikitoka anarudi shambani, haendi uwanjani. Ndiyo maana Webster alichelewa kuanza kucheza, akiwa tayari sekondari. Lakini mwili ulikwisha kujengwa na magunia. Akaingia Chuo Kikuu cha Wisconsin, akawa senta wa timu ya chuo.

Mwaka 1974 timu za ligi kuu ya huko, NFL, zilipochagua vijana wapya, jina lake liliitwa la 125. Sababu ni kwamba walimwona mdogo. Mdogo kwa vipimo vyao: urefu wa sentimita 185 na uzito wa kilo 116 hivi, yaani gunia la mahindi na karibu debe moja juu yake. Timu iliyomchukua ni Pittsburgh Steelers, ya mji wa viwanda vya chuma, chini ya kocha Chuck Noll. Mwaka ule ule Steelers walichukua vijana wengine watatu, Lynn Swann, Jack Lambert na John Stallworth. Wote wanne baadaye waliingizwa kwenye jumba la heshima la mchezo huo. Sijui kama ipo timu nyingine iliyowahi kuvuna hivyo kwa msimu mmoja.

Miaka miwili ya mwanzo alipokezana na mkongwe Ray Mansfield. Kuanzia 1976 nafasi ikawa yake, na haikumtoka kirahisi. Hadi 1986, alipoteguka kiwiko, alikuwa hajakosa mechi hata moja. Steelers walitwaa Super Bowl, ambayo ndiyo fainali yao ya ubingwa, mara nne katika misimu sita: msimu wa 1974, wa 1975, wa 1978 na wa 1979. Kwotabeki alikuwa Terry Bradshaw, mkimbiaji alikuwa Franco Harris, na njia wanayopita ilisafishwa na Webster na wenzake. Mashabiki walimpa jina la Mike wa Chuma. Barafu ikidondoka yeye aliingia uwanjani mikono wazi, mikono ya jezi imekunjwa na kubanwa juu kabisa, ili mpinzani asipate pa kumshika. Wakati wenzake wanatembea kwenda kujipanga, yeye alikwenda mbio.

Aliondoka Pittsburgh mwaka 1988. Kansas City Chiefs walimchukua awe kocha, kumbe bado anaweza, wakamrudisha uwanjani, akacheza misimu miwili zaidi. Alipostaafu mapema 1991 alikuwa amecheza mechi 245 za ligi na kuitwa mara tisa kwenye mechi ya nyota wa ligi. Mwaka 1997 aliingizwa kwenye jumba la heshima pale Canton, Ohio, na aliyemtambulisha jukwaani ni Bradshaw mwenyewe.

Waliokuwa karibu naye siku ile waliona kwamba kuna kitu hakiko sawa. Hotuba yake ilikuwa ndefu na ya kuzungukazunguka. Kwa kweli mambo yalikuwa yameharibika miaka kadhaa kabla. Alisahau njia ya kurudi nyumbani. Hasira zilimpanda bila sababu, kisha akawa mtu wa huzuni. Fedha ziliyeyuka kwenye biashara zilizokufa. Ndoa yake na Pamela, waliyezaa naye watoto wanne, ilivunjika. Bingwa wa mara nne akawa analala ndani ya gari lake, na nyakati nyingine kwenye stesheni ya treni ya Pittsburgh. Maumivu yalimnyima usingizi kiasi kwamba alijipiga shoti kwa kifaa cha umeme, kile cha kumwangushia mhalifu, ili azimie na kulala. Mwaka 1999 alishtakiwa kwa kughushi karatasi za daktari ili apate dawa, akahukumiwa kifungo cha nje.

Mwaka huo huo wakili wake, Bob Fitzsimmons, aliomba mafao ya ulemavu kwenye mfuko wa pensheni wa wachezaji wa ligi. Mfuko ulikubali kwamba ameumia kichwa na kwamba mpira ndio uliomuumiza. Ila ukasema ulemavu wake kamili uhesabiwe kuanzia 1996, si 1991 alipostaafu. Tofauti ya miaka mitano hiyo ni fedha nyingi, na ikawa kesi.

Hakuuona mwisho wake. Alifariki Pittsburgh tarehe 24 Septemba 2002 kwa ugonjwa wa moyo, akiwa na miaka 50.

Hapo ndipo anapoingia Bennet Omalu. Huyu ni Mnigeria, Muigbo, aliyezaliwa 1968 vita vya Biafra vikiwa vimepamba moto, akasomea udaktari Nsukka kabla ya kwenda Marekani. Alikuwa akifanya kazi kwenye ofisi ya uchunguzi wa vifo mjini Pittsburgh. Mpira wa Marekani hakuufuatilia, na jina la Webster halikumwambia chochote. Alichosikia kwenye taarifa za habari ni mtu mashuhuri aliyeishia kuchanganyikiwa, akajiuliza kwa nini. Kwa mtazamo wangu, kutojua kwake mchezo ndiko kulikomsaidia: hakuwa na timu ya kuitetea.

Alipoufungua ubongo, kwa macho ulionekana mzima. Wengine wangefunga faili. Omalu aliomba uhifadhiwe, ukakatwa vipande vyembamba, vipimo vingine akavilipia kutoka mfukoni mwake. Kwenye hadubini aliona protini iitwayo tau imejikusanya na kuganda mahali isipotakiwa kuwa, hali inayokaribiana na ile iliyojulikana kwa mabondia tangu miaka ya 1920.

Nieleze kwa lugha ya nyumbani. Mama akisukasuka maziwa kwenye kibuyu, kibuyu hakipasuki, lakini maziwa ndani hayabaki yalivyokuwa. Helmeti inazuia fuvu lisipasuke. Haizuii ubongo kutikisika ndani ya fuvu. Na hatari haikuwa kipigo kimoja kikubwa tu. Ni vile vidogo maelfu kwa maelfu, mechi na mazoezi, ambavyo mtu anatikisa kichwa na kuendelea.

Omalu na wenzake walichapisha matokeo mwaka 2005. Madaktari wa kamati ya ligi wakaandika kutaka makala ile iondolewe. Hapa lazima niseme: mfuko wa pensheni ulikwisha kukubali mwaka 1999 kwamba mpira ulimharibu Webster kichwa, na miaka sita baadaye madaktari wa kamati ya ligi ile ile wanapinga. Kisha akaja Terry Long, naye mtu wa kazi ya mbele wa Steelers, aliyefariki 2005. Ubongo wake ulikuwa na alama zile zile. Mwishoni mwa 2009 msemaji wa ligi alikiri hadharani kwamba vipigo vya kichwa vinaweza kuacha madhara ya muda mrefu. Wachezaji wa zamani zaidi ya 4,500 walikwenda mahakamani, na 2013 ligi ikakubali kulipa dola milioni 765. Jaji aliona huenda hazitatosha, kiwango cha mwisho kikaondolewa, na makubaliano yakapitishwa 2015. Mwaka huo ikatoka pia filamu, Will Smith akiigiza kama Omalu.

Mnaocheza ndondo vijijini, jueni kwamba sheria za soka sasa zinaruhusu mashindano kutoa nafasi ya ziada ya kubadilisha mchezaji anayehisiwa kuumia ubongo. Kumwagia maji kichwani na kumrudisha uwanjani si matibabu. Mtu aliyepoteza fahamu, anayetapika, au anayeuliza swali moja mara tatu, iwe uwanjani au baada ya kuanguka na bodaboda, apelekwe kituo cha afya siku hiyo hiyo.

Ile kesi ya miaka mitano iliendelea bila Webster. Mwaka 2005 jaji aliipa familia yake ushindi, mfuko ukakata rufaa, na Desemba 2006 mahakama ya rufaa ikasema vilevile: alikuwa mlemavu tangu siku aliyostaafu. Familia ililipwa zaidi ya dola milioni moja. Steelers, kwa upande wao, hawajawahi kutangaza rasmi kuistaafisha jezi yake namba 52, ila tangu alipoondoka hakuna mchezaji mwingine aliyepewa kuivaa.