Edward Nkoloso, Mwalimu Aliyetaka Kufika Mwezini

Mtu atokaye Msangano, akipita Tunduma na kuvuka mpaka, huingia nchi ya Zambia. Zamani nchi hiyo iliitwa Rhodesia ya Kaskazini, nayo ilitawaliwa na Waingereza. Huko ndiko alikozaliwa Edward Nkoloso, mwaka wa 1919.

Alisoma katika shule za misheni. Vita Kuu ya Pili ilipotokea alichukuliwa kuwa askari katika kikosi cha wapeleka habari. Aliporudi akawa mwalimu. Akajaribu kufungua shule yake mwenyewe, lakini watawala wakaifunga. Kisha akajiunga na watu waliodai uhuru, na kwa ajili hiyo akatiwa gerezani.

Siku zile Warusi na Wamarekani walikuwa wakishindana kupeleka vyombo angani. Nkoloso aliona kwamba Mwafrika naye aweza kwenda mwezini, hata kwenye sayari ya Mirihi. Basi mwaka wa 1960 akaanzisha chuo chake, akakusanya vijana karibu na mji wa Lusaka. Mmoja wao alikuwa msichana wa miaka 17, jina lake Matha Mwamba.

Mitambo hawakuwa nayo. Kijana aliingia ndani ya pipa la mafuta, nalo likabingirishwa kutoka kilimani, apate kuzoea kuzungushwa. Tena alibembea kwa kamba ndefu, na alipofika juu kabisa kamba ilikatwa, akaanguka. Watu walicheka, walakini jambo hili lina maana yake. Mwili unaoanguka bila kuzuiwa hausikii uzito, na ndivyo alivyo mwanaanga akiizunguka dunia. Wamarekani na Warusi pia waliwazoeza watu wao hali hiyo, ndani ya ndege iliyopanda juu sana na kushuka kwa ghafula.

Zambia ilipata uhuru tarehe 24 Oktoba 1964. Nkoloso alitaka roketi yake irushwe siku ile ile, asikubaliwe. Akaomba paundi 7,000,000 kwa UNESCO, asipewe. Magazeti ya ng'ambo yakamdhihaki, vijana wakatawanyika, na kazi ikafa. Wamarekani walipofika mwezini mwaka wa 1969, safari ile ilikuwa imefanyiwa kazi na watu wapatao 400,000, kwa mabilioni ya dola. Nkoloso alikuwa na pipa, kamba na vijana wachache.

Je, alikuwa mpumbavu? Wengine waliochunguza habari zake hudhani kwamba mazoezi yale yalikuwa pia njia ya kuwaandaa vijana kupigania uhuru. Lakini twajua hakika kwamba dhihaka haikumvunja moyo. Baadaye alimtumikia Rais Kaunda katika kituo kilichosaidia ukombozi wa nchi nyingine za Afrika. Tena akarudi darasani, na mwaka wa 1983, alipokuwa mzee wa miaka zaidi ya 60, akapata shahada ya sheria katika Chuo Kikuu cha Zambia. Alifariki mwaka wa 1989, akazikwa kwa heshima kubwa.

Ushujaa peke yake haumfikishi mtu mwezini. Hutakiwa hesabu, zana, mali na mikono mingi. Lakini hayo yote hayaanzi mpaka awepo mtu mmoja asiyeogopa kuchekwa.