Edward Saidi Tingatinga (1932–1972)

Mwanafunzi, ukisikia neno tingatinga huenda unawaza mtambo wa kusawazisha barabara. Katika somo la sanaa, Tingatinga ni mtu kwanza, kisha ni mtindo wa uchoraji uliopewa jina lake. Watahiniwa wengi hueleza mtindo vizuri lakini humsahau mtu mwenyewe.

Maisha ya awali. Tingatinga alizaliwa mwaka 1932 wilayani Tunduru, kusini mwa Tanzania, katika familia ya wakulima. Baba yake alikuwa Mngindo na mama yake Mmakua. Kama vijana wengi wa kusini wakati wa ukoloni, alikwenda Tanga kutafuta kibarua katika mashamba ya mkonge. Baadaye alihamia Dar es Salaam, akafanya kazi ya bustani katika nyumba ya Mzungu na vibarua vingine vya hapa na pale. Hakusoma chuo chochote cha sanaa.

Kazi ya uchoraji. Mwaka 1968 hivi alianza kuchora ili ajipatie riziki. Zingatia vifaa alivyotumia, kwa sababu ndivyo vilivyounda mtindo wake. Turubai na rangi za wasanii zilikuwa ghali. Yeye alinunua hadibodi, mbao nyembamba za kupigia dari, akazikata vipande vya mraba, kisha akatumia rangi za mafuta za kupaka baiskeli. Rangi hizo hung'aa na hazichanganyiki kwa urahisi. Kwa hiyo alipaka usuli wa rangi moja, kisha juu yake akachora mnyama au ndege mmoja mkubwa, mwenye mistari na madoa. Picha zake ziliuzwa nje ya maduka ya Morogoro Stores, Oysterbay, ambako wageni walifika kununua mahitaji yao.

Wanafunzi wake. Soko lilipopanuka, alikusanya ndugu na jamaa nyumbani kwake Msasani akawafundisha kwa vitendo. Miongoni mwao walikuwa Ajaba Abdallah, Adeusi Mandu, January Linda, Kasper Tedo na Simon Mpata. Ukiulizwa kwa nini mtindo huu haukufa pamoja naye, jibu ni hawa.

Kifo. Mwaka 1972 polisi waliokuwa wakiwasaka majambazi walilifyatulia risasi gari alilokuwamo, wakidhani ni la wahalifu. Alikufa akiwa na umri wa miaka 40 hivi. Piga hesabu: kazi yake yote ya uchoraji ilidumu takribani miaka minne.

Urithi. Wanafunzi wake waliendelea kuchora na kufundisha wengine, na mwaka 1990 wachoraji hao walisajili chama cha ushirika. Mwaka 2010 televisheni zilianza kuonyesha Tinga Tinga Tales, katuni za watoto zilizotengenezwa Nairobi, ambazo wanyama na mandhari yake vilibuniwa kwa kufuata mtindo huu. Hivyo mbinu iliyozaliwa kwa kukosa fedha za turubai ikawa mwongozo wa wabunifu wa filamu.

Jambo la kutafakari. Leo picha za Tingatinga zinauzwa kuanzia Dar es Salaam hadi Zanzibar na Nairobi, na nyingi ni nakala za nakala. Wapo wanaosema kunakili kunalinda urithi na kuwalisha vijana. Wengine husema kunaua ubunifu. Usiegemee upande mmoja bila hoja. Kumbuka kwamba mwasisi mwenyewe hakuwa na picha ya Tingatinga ya kunakili. Ukiwa Temeke au Kinondoni, panda daladala uende Oysterbay, uwatazame wachoraji kazini kabla ya kujibu swali la 4.

Maswali ya marudio
1. Eleza jinsi vifaa vilivyoathiri mtindo wa Tingatinga.
2. Taja sifa tatu za picha zake.
3. Fafanua mchango wa wanafunzi wake katika kuendeleza mtindo huo.
4. Je, kunakili kunakuza au kunadumaza sanaa? Jadili kwa mifano.