Christiaan Huygens, Aliyeifundisha Saa Kusema Kweli

Katika mji wa Den Haag, nchi ya Uholanzi, alizaliwa tarehe 14 Aprili 1629 mtoto mwanamume aliyeitwa Christiaan Huygens. Baba yake, Constantijn, alikuwa mshairi mashuhuri na mwandishi wa wakuu wa nchi ile, na wageni wengi wenye elimu walifika nyumbani kwake. Mama yake alifariki mwaka 1637, Christiaan akiwa na umri wa miaka minane. Baba akawalea watoto wake kwa uangalifu, akawapatia walimu wa lugha, muziki na hesabu. Christiaan alipenda hesabu kuliko yote, wala mikono yake haikuwa mivivu, maana alifurahi kutengeneza vyombo vidogo vidogo vya mitambo. Mwaka 1645 alikwenda chuo kikuu cha Leiden kusoma sheria na hesabu, kwa kuwa baba yake alitumaini kwamba atakuwa mjumbe wa serikali kama yeye. Lakini moyo wa kijana ulikuwa kwingine.

Yeye na kaka yake walijifunza kusugua vioo vya darubini, wakavisugua vizuri sana. Kwa darubini hiyo Christiaan aliona, mwaka 1655, mwezi unaoizunguka nyota ya Zohali, ambao hakuna mtu aliyeutambua kabla yake. Tena alifahamu kwamba Zohali imezungukwa na pete nyembamba isiyoigusa, akaitangaza habari hiyo mwaka 1659.

Basi mtazamaji wa nyota hana budi kuwa na saa ya kweli, na saa za siku zile hazikuwa za kweli. Hata saa njema iliweza kukosea robo saa katika siku moja. Hasara ya jambo hili ilikuwa kubwa zaidi baharini. Dunia huzunguka mara moja kwa saa 24. Kwa hiyo nahodha akijua ni saa ngapi bandarini alikotoka, na akitazama jua ajue ni saa ngapi mahali alipo, aweza kuhesabu amekwenda umbali gani upande wa mashariki au magharibi. Lakini saa yake ikikosea dakika moja tu, karibu na ikweta atakosea njia kwa maili 17 hivi. Merikebu nyingi zilipasuka miambani na watu wengi wakafa maji kwa sababu manahodha hawakujua mahali walipo.

Kabla ya Huygens, mwanachuoni Galileo wa Italia alikuwa amechunguza mwendo wa timazi. Timazi ni uzito uliofungwa kwenye uzi, kama ule ambao mwashi hupimia ukuta. Ukivutwa kando na kuachwa, huenda na kurudi kama mtoto aliye katika pembea. Galileo alisadiki kwamba timazi hutumia muda ule ule kwenda na kurudi, ikiwa yapembea kwa upana mkubwa au mdogo. Katika uzee wake, alipokwisha kuwa kipofu, alifikiri jinsi ya kuifunga timazi katika saa, lakini alikufa mwaka 1642 kazi haijatimia.

Huygens aliitimiza. Siku ya Krismasi ya mwaka 1656 alipata njia ya kuunganisha timazi na magurudumu ya saa, hata timazi ikayaongoza magurudumu, na magurudumu nayo yakaisukuma timazi kidogo kidogo isisimame. Mwaka uliofuata fundi Salomon Coster wa Den Haag alipewa haki ya kuziunda saa hizo. Kosa la robo saa kwa siku likapungua, likawa chini ya dakika moja.

Ili kuelewa kwa nini timazi hutunza muda, afadhali kuichora safari yake kwenye karatasi. Chora mstari mmoja wa kulala, uugawanye kwa nusu sekunde; huo ni mstari wa muda, tena ndio mahali pa kutulia, yaani pale uzito unapokaa usiposukumwa. Umbali wa uzito upande wa kulia wa mahali hapo, uuandike juu ya mstari. Umbali wa upande wa kushoto, uuandike chini yake. Twaa timazi yenye urefu wa inchi 39 na kidogo, ambayo safari yake nzima ya kwenda na kurudi ni sekunde 2, uivute inchi 4 kulia, kisha uiache. Mwanzo wa safari alama ni inchi 4 juu. Baada ya nusu sekunde alama iko juu ya mstari wenyewe, kwa maana uzito unapita mahali pa kutulia. Baada ya sekunde 1 alama ni inchi 4 chini. Baada ya sekunde moja na nusu uzito unapita tena katikati, na baada ya sekunde 2 umerudi ulikoanza. Ziunganishe alama, nawe utapata mstari unaopanda na kushuka taratibu kama mawimbi ya bahari.

Mstari huo wasema mambo mengi. Kileleni na bondeni umelala, maana hapo uzito unakaribia kusimama kabla ya kugeuka. Unapoukata mstari wa muda umesimama wima zaidi, maana hapo uzito unakwenda kwa haraka kuliko mahali pengine pote. Sasa chora safari nyingine ya timazi ile ile iliyovutwa inchi 2 tu. Wimbi la pili litakuwa fupi, nusu ya kimo cha la kwanza, lakini yote mawili yataukata mstari wa muda mahali pamoja. Sababu yake ni hii: uzito uliovutwa mbali mara mbili huvutwa kurudi kwa nguvu mara mbili, safari yake ni ndefu zaidi, lakini na mwendo wake ni wa haraka zaidi, nayo humalizika kwa muda ule ule.

Huygens mwenyewe hakutumia mchoro huu, maana yeye alifuata jometri ya Wayunani wa kale. Lakini kwa jometri hiyo aligundua jambo ambalo Galileo hakulikubali, yaani kwamba sheria ile si kamili. Timazi ikipembea kidogo, muda hautofautiani kwa kiasi cha kuonekana. Ikivutwa mbali sana, nguvu ya kuirudisha haiongezeki tena sawasawa na umbali, na timazi huchelewa. Ukichora wimbi la timazi iliyovutwa digrii 60, na chini yake wimbi la timazi ya urefu ule ule iliyovutwa kidogo tu, utaona mawimbi hayo yakiachana polepole. Timazi ya pili inapomaliza safari 15, ya kwanza imemaliza 14 tu. Hata katika saa ya kawaida, timazi iliyozoea kupembea digrii 5 kila upande ikianza kupembea digrii 10, saa itachelewa dakika 2 hivi kwa siku.

Mtu mwingine angaliridhika na saa iliyokwisha kusifiwa na watu wote. Huygens hakuridhika. Alijiuliza ni njia gani ambayo uzito ukiifuata, muda wake utakuwa mmoja kabisa, safari iwe ndefu au fupi. Mwishoni mwa mwaka 1659 akaipata. Njia hiyo si sehemu ya duara, bali ni mstari uitwao saikloidi, yaani ule ambao msumari uliopigiliwa kwenye ukingo wa gurudumu huuchora hewani gurudumu linapobingirika. Ila mstari huo hugeuzwa juu chini. Basi akatundika uzi wa timazi katikati ya mabamba mawili ya chuma yaliyopindwa, hata uzi ukayagusa kila ulipokwenda kando, na uzito ukafuata njia ile ya haki.

Mwezi wa Februari 1665 alikuwa mgonjwa kitandani. Chumbani mwake zilikuwamo saa mbili alizozikusudia kwa safari za baharini, zimetundikwa pamoja. Katika kulala kwake aliona kwamba timazi zile mbili zapatana daima: moja inapokwenda kulia, nyingine yaenda kushoto. Kama zingalichorwa, kilele cha wimbi la moja kingalikaa juu ya bonde la la pili. Akazivuruga kusudi, lakini baada ya nusu saa hivi zikapatana tena. Mwanzo alidhani ni hewa inayozipatanisha. Alipozidi kuchunguza alitambua kwamba ni mti uliozichukua saa zote mbili, ambao ulitikisika kidogo sana, na kwa mtikisiko ule kila timazi iliisukuma mwenzake. Akaiacha dhana yake ya kwanza bila kuona haya.

Mwaka 1666 aliitwa Paris, akawa mmoja wa wakuu wa chama kipya cha wanachuoni chini ya Mfalme Louis wa 14. Huko ndiko alikotoa, mwaka 1673, kitabu chake kikubwa cha saa za timazi. Wakati huo Mfaransa Jean Richer alikuwa amesafiri mpaka Cayenne, karibu na ikweta, katika Amerika ya Kusini. Aliona kwamba saa iliyokuwa sawa Paris ilichelewa huko dakika mbili na nusu hivi kila siku, hata ikambidi kuifupisha timazi kwa sehemu moja ya kumi ya inchi hivi. Huygens alieleza kwamba dunia inapozunguka, vitu vilivyo karibu na ikweta hupungukiwa uzito kidogo, na timazi huvutwa kwa nguvu ndogo zaidi. Hivyo timazi ilikuwa chombo cha kuipimia dunia yenyewe.

Lakini baharini timazi ilishindwa mara kwa mara, maana merikebu ikiyumba, timazi huvurugika. Mwaka 1675 Huygens alibuni njia nyingine: gurudumu dogo lililofungwa kamani nyembamba iliyozungushwa kama konokono. Kamani nayo huvuta kwa nguvu zaidi kadiri inavyopotolewa, kwa hiyo gurudumu huenda na kurudi kwa muda mmoja, na mchoro wake ni wimbi lile lile. Mwingereza Robert Hooke alilalamika kwamba yeye ndiye aliyetangulia kuwaza jambo hilo, na ugomvi wao ulikuwa mkali.

Afya ya Huygens ilikuwa dhaifu siku zote. Mwaka 1681 maradhi yalimrudisha Uholanzi, wala hakurudi tena Paris kufanya kazi. Hata hivyo hakuiacha haja ya mabaharia. Mwaka 1686 saa zake za timazi zilipakiwa katika merikebu iliyokwenda Rasi ya Tumaini Jema, kusini mwa Afrika, zikarudi mwaka 1687. Akahesabu njia ya merikebu kwa saa hizo, akaongeza hesabu ya kuchelewa kwa timazi karibu na ikweta, akafurahi kuona kwamba hesabu yake imekaribia njia ya kweli. Lakini safari iliyofuata haikufaulu vile. Huygens alifariki Den Haag tarehe 8 Julai 1695, kazi ya saa ya baharini haijakwisha.

Ilikwisha baada yake. Mwaka 1761 saa ya Mwingereza John Harrison ilipelekwa Jamaika, ikatunza muda vizuri hata njia ya merikebu ikajulikana. Ndani yake haikuwamo timazi, bali gurudumu la kwenda na kurudi lenye kamani iliyozungushwa, kama alivyofanya Huygens mwaka 1675. Na yale mabamba yake yaliyopindwa kwa ustadi mwingi, mafundi waliyaacha, kwa kuwa waliona ni rahisi zaidi kuifanya timazi ipembee kidogo tu. Hivyo sehemu moja ya kazi yake iliachwa, na sehemu nyingine iliokoa maisha ya mabaharia wasiohesabika. Yeye hakujua ni ipi itakayobaki. Alizifanya zote mbili kwa uaminifu ule ule, na kila alipoona kosa, hata kama ni dogo kama sekunde chache kwa siku, hakulificha bali alitafuta asili yake.