Akiba Huoza Isipotunzwa

Msanii wa jukwaani hufanya kazi isiyoacha alama. Pazia likishuka kazi imekwisha, na anayeikumbuka ni yule tu aliyehudhuria. Kwa hiyo tunaona inafaa kuyatazama maisha ya Georges Méliès, Mfaransa aliyetoka jukwaani akaingia katika senema, na yale yaliyomfika baadaye.

Méliès alizaliwa Paris mwaka 1861, mtoto wa tajiri wa kiwanda cha viatu. Mwaka 1888 aliuza fungu lake la kiwanda, akanunua jumba la Robert-Houdin, akawa akionyesha humo mazingaombwe. Tarehe 28 Desemba, 1895, alihudhuria maonyesho ya senema ya ndugu wawili Lumière. Alitaka kukinunua chombo chao, wakamkatalia. Hakukata tamaa. Alijipatia chombo kingine kutoka London, na mwaka 1896 akaanza kupiga filamu zake mwenyewe.

Hapo ndipo akili yake ilipodhihiri. Jukwaani, kumpoteza mtu mbele ya watazamaji kulihitaji mlango wa siri sakafuni. Katika filamu, Méliès aliisimamisha kamera, mtu akaondoka, kisha kamera ikaendelea. Watazamaji wakaona ametoweka kama moshi. Mwaka 1897 alijenga studio ya vioo huko Montreuil, kando ya Paris. Mwaka 1902 alitoa filamu ya safari ya mwezini, iliyopendwa Ulaya na hata Marekani, ambako wajanja waliinakili bila ya kumlipa.

Kwa jumla alitengeneza filamu zaidi ya 500. Lakini kampuni kubwa zilimzidi nguvu, na madeni yakamlemea. Mwaka 1923 studio ilimtoka mikononi, na jumba lake likabomolewa kupisha barabara. Kwa uchungu akazitia moto filamu alizokuwa nazo. Bingwa huyo akaishia kuuza peremende na vitu vya kuchezea watoto katika stesheni ya Montparnasse. Alipewa nishani ya taifa mwaka 1931, akafariki mwaka 1938.

Nishani ile ilikuwa haki yake, lakini haikurudisha hata filamu moja. Zilizopo leo ni kiasi cha 200, na nyingi ni nakala zilizosalia mikononi mwa watu wengine.

Wazee husema akiba haiozi. Filamu na kanda huoza, na katika joto na hewa ya chumvi ya visiwani huoza upesi zaidi. Tunawaomba wakuu wanaohusika na utamaduni wasingoje siku ya kumvisha mzee nishani. Wamwendee angali hai, wamuulize kazi zake ziko wapi, wazinakili na kuziweka mahali pakavu penye ubaridi. Nao wananchi wenye kanda za zamani majumbani wasizitupe. Huenda hiyo iliyomo sandukuni ndiyo nakala pekee iliyobaki.