John Shaw Billings
John Shaw Billings (Indiana, Marekani, 12 Aprili 1838 – New York, 11 Machi 1913) alikuwa daktari mpasuaji na mkutubi.

Akiandika tasnifu kuhusu kifafa, alitaabika kutafuta maandishi yaliyotawanyika katika maktaba nyingi. Miaka 1865–1895 aliongoza maktaba ya tiba ya jeshi mjini Washington. Mwaka 1879 alianzisha Index Medicus, orodha ya kila mwezi ya makala za tiba, pamoja na Robert Fletcher. Katalogi ya maktaba, iliyoanza kutolewa 1880, ilikuwa na orodha ya vifupisho vya majina ya majarida.

Leo vifupisho sanifu hutolewa na mrithi wa maktaba hiyo, Maktaba ya Taifa ya Tiba ya Marekani. Hivyo mtafiti wa hospitali ya KCMC, Moshi, akikuta "East Afr Med J" hutambua East African Medical Journal.